Nyanda za Amdo: shajara ya safari kutoka Labrang hadi Langmusi

Jumamosi, Lanzhou hadi Xiahe

Basi letu lilitoka Lanzhou, kaskazini-magharibi mwa China, asubuhi, limejaa wanafunzi wanaorudi makwao kwa likizo ya Julai. Mimi nilikuwa naitikia mwaliko. Mwenzangu wa darasani, binti wa Kitibeti, alikuwa ameniambia tangu majira ya baridi kwamba nisimalize masomo bila kufika kwao. Tunasomea malisho na mifugo. Darasani nyanda za juu za Tibet hutajwa kama mgonjwa aliyelazwa: nyasi zimechoka, mifugo imezidi, wafugaji waelimishwe. Mwenzangu husikiliza, huandika, hasemi neno. Nami niliyezaliwa mkoa wa Tanga nimeyasikia maneno hayohayo kwa Kiswahili tangu utotoni, yakisemwa juu ya Wamaasai. Nilitaka kwenda kuona kwa macho yangu.

Sikwenda Lhasa, mji mkuu wa Tibet. Mgeni anayetaka kuingia Mkoa Unaojiendesha wa Tibet lazima apate kibali maalumu na afuatane na mwongozaji wa kampuni ya utalii. Lakini Watibeti hawaishi katika mkoa huo peke yake. Sensa ya China ya 2020 iliwahesabu zaidi ya milioni 7, na zaidi ya nusu yao wako nje yake, huko Qinghai, Sichuan, Gansu na Yunnan. Upande wa kaskazini-mashariki wenyewe wanauita Amdo. Gannan, yaani kusini mwa Gansu, ni sehemu ya Amdo na ndiko kwao mwenzangu. Huko pasipoti yenye viza ya mwanafunzi ilinitosha.

Tulishuka Linxia kula. Mji huu ni wa Waislamu, Wahui kwa wingi, na misikiti yake inafuatana mtaa kwa mtaa. Mwenye hoteli alipouona mtandio wangu alinisalimu kwa Kiarabu, akatuletea tambi za mchuzi wa ng'ombe, akakataa kupokea pesa ya chai. Watu wa Linxia ndio waliokuwa, kwa karne nyingi, wakipandisha chai na nguo kwa Watibeti na kuteremsha sufu, ngozi na mifugo. Tibet niliyokuwa nayo kichwani ilikuwa nchi iliyojifungia juu ya mawingu, haina jirani. Jirani wake alikuwa amesimama mbele yangu, taulo begani, akimuuliza mwenzangu kwa Kitibeti kibovu bei ya siagi mwaka huu.

Baada ya hapo barabara inaufuata mto Daxia kwenda juu. Minara ikapungua, vitambaa vya sala vya rangi tano vikaanza kuonekana kwenye vilima. Xiahe iko mita 2,900 kutoka usawa wa bahari. Kichwa kiliniuma usiku kucha.

Jumapili, Labrang

Alfajiri tulitoka kwenda kuizunguka monasteri ya Wabudha. Labrang ilianzishwa mwaka 1709 na Jamyang Zhepa wa kwanza, mwanazuoni wa Amdo aliyekuwa amerudi kutoka masomoni Lhasa. Njia inayoizunguka ina kama kilomita tatu, na sehemu kubwa yake imeezekwa paa refu ambalo chini yake yamepangwa magurudumu ya sala, zaidi ya elfu moja. Kila moja ni pipa la mbao lililopakwa rangi, lina urefu wa mtoto, na ndani yake zimekunjwa karatasi za sala. Unashika mpini, unasukuma, unapita kwenye linalofuata.

Muislamu anaziona tofauti haraka. Kwenye tawafu Kaaba iko kushoto kwako; hapa monasteri inakaa kulia kwako, na kila anayekuja anakwenda upande huohuo, wazee, watoto, wafanyabiashara wenye mikoba, kijana mmoja mwenye visikizio masikioni. Mimi sikugusa magurudumu. Nilitembea kando ya mwenzangu, na hakuna aliyeniuliza kwa nini.

Watu huja hapa kutafuta utulivu. Matangazo yote ya utalii yanautaja. Nilichokiona mimi ni jasho. Magurudumu yana uzito, mipini imeota utelezi wa mafuta ya viganja, na bibi wa miaka sabini anayesukuma yote kabla ya chai ya asubuhi amefanya kazi ya shamba. Mbele yetu mama mmoja alikuwa anazunguka kwa kusujudu. Alikuwa na vibao vya mbao mikononi na aproni ya ngozi iliyochakaa magotini. Aliunganisha viganja, akavigusisha kichwani, kooni na kifuani, akapiga magoti, akateleza mbele hadi mwili wote ukalala chini na paji la uso likagusa vumbi. Akasimama pale mikono yake ilipofikia, akaanza tena. Katikati ya paji lake palikuwa na sugu ya kijivu. Wapo wanaokwenda namna hiyo hadi Lhasa, miezi mingi barabarani, malori yakiwapita.

Bibi mmoja alinishika mkono tukiwa tumepumzika. Alitaka kujua natoka wapi na kama kwetu kuna milima. Kisha akauliza nimekuja kumwombea nani. Nikamtajia marehemu babu yangu. Akatikisa kichwa kwa kuridhika, akasema atamtia kwenye mzunguko wake wa mchana.

Kufikia saa nne wakaja watalii wa mijini. Siku hizi kuna maduka pembeni ya monasteri yanayokodisha mavazi ya Kitibeti pamoja na mpambaji na mpiga picha. Wasichana kutoka miji mikubwa wanavalishwa joho, marijani na fedha, wanasimamishwa kwenye magurudumu, mtu anashika bati la kurudisha mwanga. Kundi moja liliziba njia kabisa. Yule bibi akawazunguka kwa upande wa nje, hakusimama wala kulalamika, akaendelea kuhesabu shanga zake. Dakika chache baadaye kamera ziligeuka kwangu, mwanamke mweusi mwenye mtandio. Niliwaambia kwa Kichina kwamba picha huombwa. Walishtuka, mmoja akaomba radhi na kuifuta mbele yangu. Kilichoniuma ni kwamba asubuhi yote ile sikumwona hata mmoja akimwomba ruhusa bibi, wala yule mama aliyekuwa anasujudu.

Msichana mmoja aliyekodi nguo alikuwa na pambo zito la fedha nyongani, kulabu mbili zilizopinda kama pembe. Nilimuuliza mwenzangu ni kitu gani. Akasema, "Subiri tufike kwa mama."

Jumatatu, bado Labrang

Mtawa anayewatembeza wageni tulimwita Aku, kama watu wa Amdo wanavyowaita watawa wote, neno la heshima kwa baba mdogo. Alitupitisha kumbi baada ya kumbi. Labrang ni chuo kabla ya kuwa kivutio: ina vitivo sita, kimoja cha falsafa, kimoja cha tiba, vingine vya elimu za siri na falaki. Anayeanza falsafa akiwa kijana anaweza kumaliza akiwa na mvi. Zamani watawa walifika kama 4,000. Mwaka 1958 monasteri ilifungwa, majengo mengi yakabomolewa katika miaka iliyofuata, ikafunguliwa tena mwaka 1980. Mwaka 1985 moto uliunguza ukumbi mkuu, ukajengwa upya. Aku aliyasema yote haya kwa sauti ileile anayotumia kuonyesha mlango wa kutokea.

Yapo mambo ambayo wenyeji hawayasemi mbele ya mgeni. Picha ya Dalai Lama wa 14, kiongozi wa kiroho wa Watibeti ambaye yuko uhamishoni India tangu 1959, hairuhusiwi kutundikwa, na sikuiona popote. Sikuuliza. Mimi nitapanda basi niondoke, wao watabaki.

Kwenye chumba kimoja chenye baridi kuna sanamu za siagi nyuma ya kioo: maua, mabudha, farasi, wingu lililopambwa kwa nyuzi nyembamba kama uzi wa kufumia. Zinatengenezwa majira ya baridi kwa ajili ya sala kuu za mwezi wa kwanza wa kalenda ya Kitibeti. Mtawa huchovya vidole kwenye maji ya barafu ili siagi isiyeyuke mkononi, anafinyanga, anachovya tena. Aku alituonyesha viungo vya vidole vyake vilivyovimba. Ndivyo ilivyo kila mahali humu: taa zinawaka kwa siagi, na mahujaji wanakuja na siagi kwenye mifuko ya plastiki, wanachota kijiko kimoja kimoja na kuongeza kwenye kila taa. Nilianza kujiuliza siagi yote hii inatoka wapi na nani anaitoa.

Mchana tulikaa nyasini karibu na mto, tukazungumza juu ya namna nchi yao inavyoonekana kwa wengine. Mwenzangu ana mambo mengi kifuani. Alinisimulia kuhusu kitabu kilichotoka London mwaka 1956, kilichodai kimeandikwa na lama, yaani mwalimu wa dini, wa Lhasa aliyetobolewa jicho la tatu kwenye paji. Kiliuzwa sana. Mwandishi akaja kugundulika kuwa Mwingereza wa Devon, mtoto wa fundi bomba, ambaye hakuwahi kukanyaga Tibet. Hata baada ya kugundulika kikaendelea kununuliwa. Huko Yunnan nako, wilaya ya Zhongdian ilibadilishwa jina mwaka 2001 ikaitwa Shangri-La, jina la bonde la kubuni lililotungwa na mwandishi wa riwaya wa Kiingereza mwaka 1933. Watu wanakwenda kulitafuta bonde hilo na wanauziwa tiketi ya kuingia.

Upande wa pili kuna picha ya jehanamu: Tibet ya zamani kama gereza la watumwa, giza tupu mpaka mkombozi alipofika. Mwenzangu hakatai kwamba mabwana na monasteri kubwa walimiliki ardhi na kuwatoza wakulima kodi na kazi za lazima. Ukoo wa mama yake ulilipa. Anacholalamikia ni kwamba wanaoiona Tibet kama pepo na wanaoiona kama jehanamu wote wanazungumza juu ya watu wasiokuwa na jina, wasiokuwa na kazi za kila siku, wasiobishana.

Na kubishana wanajua. Gendun Chopel, aliyezaliwa 1903 Rebkong hapahapa Amdo, alisoma Labrang na akawa tishio kwenye mijadala ya falsafa ile ya kupiga makofi na kukanyaga mguu. Alikwenda India mwaka 1934, akakaa miaka mingi, akaandika juu ya nchi alizopita, mito, maua, desturi za wenyeji na jinsi Wazungu walivyowatenda. Mwaka 1938 aliandika kwenye gazeti la Kitibeti lililochapishwa Kalimpong, India, akiwaeleza wenzake kwamba dunia ni mviringo. Aliporudi Lhasa serikali ya wakati huo ilimfunga. Alifariki 1951. Kwa hiyo Mtibeti naye amewahi kutoka, kutazama walimwengu na kuwaandika, na ningependa wanaokuja hapa kupiga picha walijue hilo.

Jumanne, Sangke na kupanda Luqu

Tuliikodi gari na familia moja ya Lanzhou. Sangke ni mbuga ya nyasi nje kidogo ya Xiahe, na upande wa barabarani imejaa mahema meupe ya kukodisha, farasi wa kupanda kwa robo saa, na maduka ya mishikaki. Vijana wanaoongoza farasi ni watoto wa wafugaji; wanapata pesa kipindi cha kiangazi. Sina la kuwalaumu.

Kutoka hapo ni mwendo wa saa kadhaa kuelekea kusini. Nyasi fupi, maua ya manjano, yaki weusi, ng'ombe wa milimani wenye manyoya marefu, wametapakaa mlimani kama mbegu. Zaidi ya asilimia 90 ya yaki wote duniani wako China, na kwa macho nilidhani wote wako Luqu, wilaya ya kwao mwenzangu. Tulijiandikisha polisi mjini kama sheria inavyotaka kwa mgeni anayelala kwa watu, kisha mjomba wa mwenzangu akatupandisha kwa pikipiki iliyotandikwa zulia jekundu, mmoja mmoja, hadi kwenye malisho ya kiangazi. Mita 3,500, urefu unaokaribia kambi ya Horombo kule Kilimanjaro. Mama yake, ambaye nami nilimwita Ama, alinishika mikono yote miwili, akaniweka karibu na jiko kabla hajaniuliza jina.

Jumatano, malishoni

Niliamshwa na sauti ya ndoo. Nje kulikuwa na giza la bluu na umande wa barafu.

Ndama wanafungwa usiku kwenye kamba ndefu iliyolazwa chini na kukazwa kwa vigingi, yenye vitanzi. Majike wanalala karibu nao. Ama anamfungua ndama mmoja, anamwacha anyonye mpaka maziwa yateremke, anamvuta kwa nguvu na kumfunga tena, anachuchumaa. Hapo ndipo nilipoiona ile kulabu. Yake ni ya chuma na shaba, imekwaruzika, inaning'inia kwenye mshipi. Aliipachika kwenye kamba ya ndoo, ndoo ikatulia katikati ya magoti, mikono yote miwili ikabaki huru. Alikamua harakaharaka, huku akiimba kwa sauti ya chini iliyobadilika kila alipobadilisha mnyama. Maziwa ya yaki ni machache, lita moja au mbili kwa siku kwa kawaida, lakini yana mafuta mengi kuliko ya ng'ombe wetu. Majike walikuwa thelathini na kitu. Dada mkubwa wa mwenzangu, tunayemwita Ache, alikuwa upande wa pili wa kamba akifanya hivyohivyo. Walipomaliza jua lilikuwa limeshatoka na vidole vya Ama havikunjuki vizuri. Alivipasha moto kwenye shingo ya ndama.

Baada ya maziwa ni mavi. Hakuna mti hapa hata mmoja, kwa hiyo kuni ni kinyesi cha yaki. Ache aliyakusanya yale mabichi, akayatandaza kwa kiganja juu ya nyasi, membamba, yapate kukauka siku mbili za jua. Nilijifunga kanga juu ya koti nikamsaidia. Ukiyatandaza manene yanabaki mabichi ndani, yanatoa moshi wakati wa baridi. Yaliyokauka hayana harufu na moto wake ni wa taratibu. Familia inahitaji lundo linalozidi kimo cha mtu ili kuvuka majira ya baridi, na lundo hilo lote linapita mikononi mwa wanawake.

Chai ndipo ikanywewa. Bakuli la mbao: kipande cha siagi chini, jibini kavu ya chengachenga, chai ya moto juu. Unakunywa nusu, siagi inayeyuka. Kisha unaongeza tsampa, unga wa shayiri iliyokaangwa, unaukanda kwa vidole vya mkono wa kulia huku mkono wa kushoto ukizungusha bakuli, mpaka liwe donge. Mtu aliyelelewa kwa ugali hahitaji kufundishwa mara mbili. Tofauti ni kwamba huu haupikwi tena, unakula palepale. Una ladha ya karanga iliyochomwa. Ama alicheka kwa furaha alipoona donge langu halikupasuka.

Nyama ilikuwa jikoni, lakini kabla sijasema chochote Ama alimuuliza binti yake kama nakula kama Wahui. Alipoambiwa ndiyo, aliiondoa sufuria, akaosha bakuli lingine kwa maji ya moto na majivu, akanijazia mtindi mzito wenye utando wa manjano juu. Hakukuwa na maelezo marefu. Amewauzia Wahui sufu na mifugo maisha yake yote, anajua masharti yao.

Mchana maziwa yakapitishwa kwenye mashine ya kutenganisha malai. Inazungushwa kwa mkono, inanguruma, malai yanatoka bomba moja na maziwa membamba bomba jingine. Zamani kazi hiyo ilikuwa ya kusukasuka kwa saa nyingi kwenye pipa la mbao. Juu ya hema kuna paneli ya sola, ndani kuna taa na simu inachajiwa. Ama hakusoma shule, kwa hiyo anauza siagi yake kwa ujumbe wa sauti wa WeChat: anataja kilo, anataja bei, anasikiliza jibu, anataja bei tena. Nimewasikia wageni, Wazungu na Wachina, wakisikitika kwamba pikipiki na simu vinaua utamaduni. Hasikitiki mtu kwa niaba ya mabega ya Ama yaliyosuka maziwa miaka thelathini. Nilimuuliza kama anaukumbuka kwa hamu ule usukaji wa zamani. Akanitazama kama mtu aliyeulizwa kama anaikumbuka kwa hamu homa.

Hema lenyewe ni la zamani kweli, jeusi, limefumwa kwa nywele za yaki, wanalitumia kama jiko na ghala. Kulala tulilala kwenye hema jeupe la turubai. Ukiwa ndani mchana unaona nuru ikipenya kila mahali kwenye ufumaji. Mvua ikinyesha nyuzi zinavimba, matundu yanajiziba, na maji yanatiririka kwa nje. Ache ameshona vipande vipya mwaka huu. Vipande vya zamani vya katikati vimepauka kwa moshi, na kila mwaka ukanda wa katikati unahamishwa kuelekea pembeni na mpya unatiwa mahali pake, hivyo hema halina umri mmoja.

Wanaume nao wanafanya kazi: mjomba alikuwa mlimani tangu alfajiri na kundi, akarudi jioni amelowa hadi kiunoni, akatoka tena kurekebisha uzio. Lakini sitaficha nilichokiona. Mzigo wa wanawake ni mkubwa kupita kiasi. Usiku mwenzangu aliniambia kwamba nyumbani kulikuwa na mabinti wawili na mikono ya kukamua ilihitajika, kwa hiyo mmoja alikwenda shule na mwingine akabaki. Ache alikuwa na akili ya hesabu kuliko yeye. Mwenzangu alilia kidogo alipokuwa anasema. Ache alikuwa amelala hatua mbili kutoka tulipo, buti zake bado miguuni.

Alhamisi

Mvua siku nzima. Nilijifunza kuosha tumbo la kondoo ambalo siagi hushonewa ndani ili ikae miezi. Hema jeusi halikuvuja.

Ijumaa, Langmusi

Langmusi ni kijiji kilichokaa mpakani: upande wa Gansu kuna monasteri moja, upande wa Sichuan nyingine, na kati yao msikiti wa Wahui. Nilisali adhuhuri chumbani kwa mama mmoja wa Kihui mwenye duka la mikate, aliyenipa mkeka wake na kunielekeza kibla kwa kunyoosha kidole kwenye jiko. Mume wake alipotoka msikitini alikwenda moja kwa moja kukaa kibarazani na mzee wa Kitibeti mwenye deni lake la unga. Walizozana kwa sauti kubwa, kisha wakanywa chai.

Wageni wengi huja kijiji hiki kwa jambo jingine. Kilimani kuna mahali ambapo maiti hupelekwa na kuachiwa tumbusi. Tulipokuwa tunatafuta chumba, kijana mmoja alitufuata akituuliza kama tunataka kuamshwa alfajiri, huenda kesho kuna mazishi, tukitaka atatupeleka. Mwenzangu aligeuka akamjibu maneno makali kwa Kitibeti, uso umemwiva. Katika Mkoa Unaojiendesha wa Tibet kuna kanuni zinazokataza kutazama na kupiga picha mazishi haya. Huku mambo yako mikononi mwa watu wenyewe, na pesa ya kiangazi ina nguvu.

Sikupanda kilima. Wazazi wangu walinifundisha kwamba kwenye msiba unakwenda kushika mkono wa mfiwa, na kama humjui mfiwa, unakaa kwako na kuomba dua. Mwenzangu akanieleza alivyozikwa babu yake. Mwili ulikaa nyumbani siku kadhaa, watawa wakisoma. Kisha ukabebwa kabla ya mapambazuko na ndugu wachache na mtu wa kazi hiyo. Watoto wake hawakwenda. Ardhi ya juu huganda, kuni hakuna, lakini sababu yao kubwa si hiyo. Mtu aliyekula nyama na maziwa ya viumbe maisha yake yote anatoa alichobakiwa nacho kwa viumbe wengine. Tumbusi wakija haraka na kumaliza, familia inapumua. Sala zinaendelea siku 49.

Nimesoma maoni ya wasafiri juu ya jambo hili. Wengine wanasema ukatili, wengine wanasema falsafa ya ajabu, na wote wawili wameweka picha. Wazee wa Kimaasai nao, kabla makaburi hayajazoeleka, waliwaacha marehemu wengi nyikani, na Wazungu wa kwanza waliandika juu yao kwa maneno yanayofanana neno kwa neno. Babu wa mwenzangu alikuwa mpole, alipenda pipi za tangawizi, alimfundisha herufi 30 za Kitibeti kwa kuzichora kwenye majivu ya jiko. Hayo ndiyo niliyoyapata Langmusi kuhusu mazishi, na yananitosha.

Jumamosi, Luqu mjini

Kabla ya basi tulipita nyumba ya familia iliyoko mjini. Ni safu ya nyumba za matofali zenye paa jekundu, zilizojengwa miaka ya 2000 kwa ajili ya kuwahamishia wafugaji. Mpango wa serikali wa kupunguza mifugo na kupumzisha nyasi ulianza mwaka 2003. Kabla yake, malisho yalikuwa yameshagawiwa kila familia kipande chake, na uzio wa waya ukavuka mabonde yaliyokuwa yakipitwa na mifugo kwa msimu. Nyumba ina umeme, shule iko karibu, kliniki ipo. Bibi mwenye ugonjwa wa viungo anaishi hapo na anaipenda. Lakini anayehama moja kwa moja na kuuza kundi anabaki na ruzuku na kuvu ya kiwavi, ile dawa ghali inayochimbwa mlimani Mei na Juni, na mwaka ikikosekana hana kitu. Familia ya mwenzangu imegawanyika: wazee na watoto mjini, wanawake wa kukamua malishoni, mjomba anakimbia kati yao kwa pikipiki.

Kwa elimu yangu ndogo naamini wataalamu wamewabebesha wafugaji lawama isiyo yao yote. Joto limeongezeka juu huku kwa kasi kuliko sehemu nyingi za dunia. Uzio wenyewe umewabana mifugo kukanyaga mahali pamoja mwaka mzima. Mnyama mdogo aitwaye pika amepewa sumu kwa miongo akisingiziwa kumaliza nyasi, hali mashimo yake yanasaidia maji ya mvua kuingia ardhini. Nitayasema haya kwenye tasnifu yangu, na mwenzangu ameniahidi kwamba safari hii hatainamisha kichwa.

Ama alikuwa ameshuka nasi kuleta siagi ya kuuza. Aliniomba nimwonyeshe ng'ombe wa kwetu. Nilifungua video niliyorekodi Handeni, boma la Wamaasai waliohamishwa kutoka Ngorongoro na kuletwa Msomera kuanzia mwaka 2022. Serikali inasema wamehama kwa hiari. Wapo wengi wanaopinga kauli hiyo. Ama aliishika simu karibu na uso. Aliwatazama ng'ombe muda mrefu, akasema miguu yao mirefu, wanafaa kwa mwendo, mbona nywele hawana, wanalalaje. Akasimamisha video kwenye mwanamke aliyebeba kibuyu cha maziwa, akamwita Ache aje aone. Wakaulizana wao kwa wao, kisha wakaanza kuniuliza mimi: ndama wanafungwa wapi usiku, mwanamke yule anakamua wangapi, maji yako umbali gani na boma jipya, nyasi za huko mifugo wamezizoea au wanaharisha, nani aliyechagua mahali. Machache niliyajibu. Mengine niliyaandika kwenye daftari moja baada ya jingine, Ama akinisubiri nimalize kila neno. Desemba nikienda nyumbani nitapitia Handeni, nitampelekea yule mama maswali haya, na majibu nitamtumia Ama kwa sauti.